"Hali ya Ujenzi" au "Ujenzini"? Tahakiki ya Istilahi za Mchezo wa Kuigiza Maisha

Kati ya majalada yaliyofika mezani petu hivi karibuni limo moja ambalo kwa mtazamo wa kwanza lingeweza kudhaniwa kuwa limepotea njia. Si orodha ya istilahi za benki, wala za sheria, wala za uuguzi, ambazo ndizo tulizozoea kuletewa na wizara na vyuo. Ni orodha ya istilahi za mchezo wa kompyuta, iliyotungwa na vijana watatu wa Mbagala, Wilaya ya Temeke, jijini Dar es Salaam. Vijana hao wamekusudia kuyageuza kwa Kiswahili maandishi ya mchezo uitwao The Sims, na kabla hawajaendelea wameona vema watake maoni. Twawapongeza kwa kuyataka mapema. Wengi hutuletea istilahi zikiwa zimekwisha kupigwa chapa, na hapo kazi yetu hubaki kuwa ya kusikitika.

Huenda msomaji akauliza iwapo hatuna kazi za maana zaidi kuliko michezo. Jibu letu ni kwamba istilahi moja iliyo kiini cha orodha hii haimo mchezoni tu. Imo katika simu iliyo mfukoni mwa msomaji, katika mashine ya kudurufu iliyo ofisini kwake, na katika mifumo ambayo mtumishi wa serikali hulazimika kuifungua kila asubuhi. Vijana wa Mbagala wamelikuta tatizo ambalo sisi wenyewe tumekuwa tukilipita pembeni kwa miaka kadhaa. Maoni yafuatayo ni yetu tunaoshughulikia istilahi, wala si uamuzi wa kikao cha usanifishaji.

Kwanza tuueleze mchezo wenyewe kwa ajili ya wasomaji ambao hawajauona. Ulibuniwa na Mmarekani Will Wright na kutolewa mwezi Februari mwaka 2000 na kampuni ya Maxis, iliyokuwa tayari chini ya Electronic Arts. Hauna mshindi wala mshindwa. Mchezaji hupewa kaya ya watu wa kwenye skrini, kiwanja na fedha kidogo, kisha huwatazama wakila, wakioga, wakienda kazini, wakigombana, wakioana na hata wakifa. Watu hao hawasemi lugha yoyote ya binadamu. Husema maneno ya kubuni yasiyo na maana, ili sauti zao zisihitaji kufasiriwa popote mchezo uendako. Kwa sababu hiyo mzigo wote wa lugha umebaki katika maandishi, yaani majina ya vitu, ya matendo na ya vitufe. Toleo la nne, lililotoka mwaka 2014, limekuwa likitolewa bure katika sehemu yake ya msingi tangu Oktoba 2022. Na hapo ndipo kijana wa Mbagala mwenye kompyuta kuukuu alipoweza kuupata bila kulipia kitu zaidi ya bando.

Sasa tuje kwenye kiini. Katika matoleo ya kwanza vitufe vitatu vya juu ya kibodi, F1, F2 na F3, vilimpeleka mchezaji kwenye kuishi, kwenye kununua, na kwenye kujenga. Katika toleo la nne kununua na kujenga vimeunganishwa. Akiwa kwenye kuishi, saa ya mchezo hutembea na watu huendelea na mambo yao. Akihamia kwenye kujenga, saa husimama, watu huganda pale walipo, na mchezaji huweza kuvunja ukuta, kuinua paa, kuhamisha choo, na hata kurudishiwa fedha ya ukuta alioubomoa. Akimaliza hurudi kwenye kuishi, na saa huendelea palepale ilipokuwa imeachwa. Kwenda na kurudi huko ndiko kucheza kwenyewe. Mchezaji hodari huvuka mara nyingi katika muda wa saa moja. Kiingereza huita kila kimoja kati ya hivi kwa neno moja, "mode", na ni neno hilo linalotusumbua.

Vijana wetu wameliita "hali". Kwa hiyo tunayo "hali mubashara", "hali ya ununuzi" na "hali ya ujenzi".

Haitakuwa haki kuanza na makosa. Orodha ina istilahi nzuri ambazo tungezipokea bila kubadili hata herufi. "Kaya" kwa watu wanaoishi pamoja katika nyumba moja ya mchezo ni neno ambalo kila mtu aliyehesabiwa katika sensa analifahamu, na limekaa mahali pake kuliko "familia", kwa maana katika mchezo, kama ilivyo Mbagala, watu wasio ndugu waweza kuwa kaya moja. "Kiwanja" ni sahihi. "Mahitaji", kwa njaa, usingizi, haja na upweke unaowapata watu wa mchezo, ni neno jepesi na lenye kutosha. Hata kuwaita watu wenyewe "wahusika" badala ya kulazimisha "Wasimu" ni busara, kwani neno la pili lingetupeleka moja kwa moja kwenye simu.

"Hali mubashara" ndilo kosa lililo dhahiri, nalo twalitaja upesi tuliache. Neno la Kiingereza "live" huandikwa kwa namna moja lakini lina matamshi mawili. Kwa matamshi mojawapo ni kuishi. Kwa mengine ni sifa ya matangazo yanayorushwa papo hapo, nayo ndiyo tuliyoipatia neno "mubashara". Mfasiri aliona herufi, hakusikia sauti. Wahispania wameandika "vivir", Wafaransa "vie", kila mmoja akichagua kati ya kitenzi na nomino, lakini wote wakijua kuwa panasemwa juu ya maisha. Twataja kosa hili kwa ajili ya walimu wa tafsiri: asiyekisoma chanzo kwa sauti hufasiri tahajia tu.

"Hali" ni shauri kubwa zaidi, kwa kuwa kosa lake haliko wazi, na kwa kuwa vijana hawakulianzisha wao. Wamelikuta limetangulia. Simu nyingi zinazosema Kiswahili humwambia mwenye nayo kuwa yumo katika "hali ya ndegeni", na kisakuzi humwambia kuwa yumo katika "hali fiche". Mwanagenzi akilikuta neno limekwisha kuandikwa na makampuni makubwa hulifuata, nasi tulio na wajibu wa kusema tulinyamaza.

Kasoro ya kwanza ya "hali" ni kwamba imebebeshwa mno. Mtu wa mchezo ana hali yake ya moyo, ya furaha au ya huzuni. Ana hali ya ndoa. Tangu mwaka 2018 kuna nyongeza ya majira inayoleta mvua na theluji, kwa hiyo kuna hali ya hewa. Tukiifuata orodha kama ilivyo, maelezo ya mchezo yatasomeka hivi: "Katika hali mubashara, hali ya mhusika hubadilika kwa kufuata hali yake ya ndoa na hali ya hewa." Sentensi hii tumeitunga sisi, lakini hakuna neno ndani yake ambalo halitoki katika orodha. Istilahi inayomlazimu msomaji asimame mara nne katika mstari mmoja ili apambanue maana haijafanya kazi iliyoajiriwa kuifanya.

Kasoro ya pili ni ya ndani zaidi. Kwa Kiswahili hali humpata mtu. Twaulizana hali kwa sababu hatujui usiku umemfanyia nini mwenzetu. Hali huwa mbaya, hutengemaa, hurudi kuwa ya kawaida. Mara chache sana mtu huichagua. Msomaji makini atatuletea "hali ya hatari", ambayo hutangazwa na serikali, kama ilivyotangazwa Kenya mwaka 1952. Tunakubali, lakini hata hapo anayetangaza hudai kwamba hatari imekwisha kuwapo, naye anaitambua tu. Hakuna serikali iliyowahi kusema kuwa imeingia hali ya hatari kwa kubonyeza F3, itoke baada ya kumaliza kupanga viti. Anachofanya mchezaji ni kitendo cha hiari, na neno "hali" linaificha hiari hiyo.

Je, haya ni mabishano ya wenye nafasi? Tutaje kisa kimoja tulichokishuhudia katika ofisi ambayo hatutaitaja. Karani alikaa siku mbili akiingiza majina ya waombaji katika mfumo mpya. Juu ya ukurasa paliandikwa "Hali: Majaribio". Chini yake, mbele ya kila jina, palikuwa na safu nyingine yenye kichwa "Hali", iliyoonyesha kama ombi limepokelewa, linasubiri au limekataliwa. Karani aliyasoma maandishi ya juu kama alivyoyasoma ya chini, akadhani kuwa ni waombaji walio katika majaribio ya kazi. Kumbe mfumo ulikuwa ukimwambia kwamba yeye mwenyewe, karani, yumo mahali pa kujifunzia, na kwamba hakuna atakachokiandika kitakachobaki. Hakikubaki. Waombaji walirudi na vyeti vyao mara ya pili, baadhi yao kwa nauli ya kukopa, na karani akaandikiwa barua ya kujieleza. Sisi twaona kuwa barua ile ilipaswa kuandikiwa istilahi.

Baada ya kuisoma orodha tulifunga safari kwenda kuuona mchezo ukichezwa. Vibanda vya gemu vya Mbagala, kama vya kwingineko jijini, vimejaa kandanda, na mchezo wa kuigiza maisha huchezwa majumbani. Tulifuata Barabara ya Kilwa, tukashuka Rangi Tatu, tukaongozwa kwa miguu kuelekea Charambe hadi nyumbani kwa mmoja wa watungaji wa orodha, anakoishi na mama yake. Nyumba yenyewe ni ya aina ambayo mkazi yeyote wa Mbagala ataitambua. Sebule na vyumba viwili vimepauliwa na kuezekwa bati. Vyumba viwili vingine vimesimama kwenye lenta, nondo zikichomoza juu ya nguzo, na ndani ya kimojawapo umeota mpapai uliokwisha kuzaa. Matofali yaliyopangwa kando ya mlango yametumika kama viti kwa muda mrefu kiasi kwamba kingo zake zimekuwa laini.

Vijana walituamkia, nasi tukamwamkia mama mwenye nyumba, akatukaribisha na kukaa nasi. Kijana alifungua mchezo. Watu watatu wa skrini walikuwa mezani wakila. Akabonyeza kitufe, wakaganda, mmoja kijiko kikiwa njiani kuelekea kinywani.

"Mbona wameganda hao?" mama akauliza.

"Niko ujenzini, mama. Nikirudi maishani watatembea."

"Na sisi mwaka wa tisa huu tuko ujenzini," mama akasema, "mbona hatugandi?"

Watu wote walicheka, na kijana akaendelea kuongeza chumba. Sisi tulitoa daftari. Katika orodha aliyotuletea kijana huyu ameandika "hali ya ujenzi"; kwa kinywa chake, bila kufikiri, alisema "ujenzini". Zaidi ya hayo, alieleweka mara moja na mtu ambaye hajapata kuucheza mchezo huo, na mtu huyo akalirudisha neno lilelile kwa maana ileile katika jambo la kweli. Tulimwuliza kwa nini hakuliandika. "Hiyo ni ya kuongea tu," akajibu, "siyo ya kitaalamu."

Jibu hili limetukaa moyoni kuliko orodha nzima. Ni nani aliyemfundisha kijana wa Mbagala kwamba neno la kitaalamu ni lile ambalo hakuna anayelisema? Twahofu kwamba ni sisi. Kwa miaka mingi tumetoa istilahi ambazo ubora wake mmojawapo, machoni pa umma, ulikuwa ni kutofahamika, na sasa watu wanaotupenda wanatuiga.

Tuitazame sarufi. Vitabu vya sarufi tangu kile cha Ashton cha mwaka 1944 hutufundisha kwamba kiambishi -ni mwishoni mwa nomino huonyesha mahali: nyumbani, mtini, mezani. Ni kweli, lakini tangu zamani Waswahili wamekitumia kwa jambo jingine lenye manufaa makubwa. Aliye safarini hayuko mahali pamoja. Nchi iliyo vitani imo vitani hata katika mikoa isiyosikia bunduki. Mjane aliye edani anaweza kuwa katika nyumba ileile aliyokuwamo kabla ya msiba. Kilichobadilika ni kanuni zinazomwongoza, avae nini, atoke lini, azungumze na nani. Vivyo hivyo aliye fungateni, likizoni, masomoni, zamuni, lindoni, matangani. Katika kila neno hapa hapana mahali pa kuelekeza kidole, bali pana namna ya kuwapo yenye mwanzo, mwisho na kanuni zake, na mtu huingia na kutoka. Hiyo ndiyo maana hasa ya istilahi tunayoitafuta. Tulikuwa nayo katika lugha kabla kompyuta haijazaliwa.

Hata mfasiri wa "hali ya ndegeni" aliisikia. Kwa nini hakuandika "hali ya ndege"? Kwa sababu -ni ilimjia yenyewe. Ila hakuiamini, akaitwika "hali" juu yake kama mtu anayevaa kofia juu ya kilemba.

Kwa hiyo pendekezo letu kwa vitufe vya mchezo ni "Maishani", "Dukani" na "Ujenzini", bila neno jingine mbele. Skrini inapotaka kumwarifu mchezaji alipo, iseme "Uko ujenzini". Twaomba msomaji akitazame kitenzi hicho kidogo, "uko", kwa maana ndicho kilichokosekana kwa karani wetu. "Hali: Majaribio" haina mtenda; haijulikani ni nani aliye katika majaribio. "Uko majaribioni" isingempoteza. Kiswahili hudai nafsi mahali ambapo Kiingereza huweza kuiacha, na mfasiri anayeifuata sentensi ya Kiingereza huiacha nayo.

Linabaki swali la jina la jumla. Pakihitajika kusemwa kwamba mchezo una tatu za aina hii, hizo tatu ni nini? Kiambishi hakiwezi kusimama peke yake. "Modi" litapendwa na wengi kwa wepesi wake, nasi si maadui wa kukopa. Lakini neno lilo hilo la Kiingereza lina kazi nyingine katika somo la takwimu, na mwalimu wa hisabati atakuwa na haki ya kulalamika. Tena halizai kitu. "Awamu" na "hatua" hubeba mfuatano, ya kwanza ikipita haijirudii. Hapa mchezo wa bao watufaa kwa mfano. Bao la Kiswahili, lenye mashimo 32 na kete 64, huanza kwa kunamua: kila mchezaji ana kete 22 mkononi, naye huingiza moja moja kila zamu yake ifikapo. Zikiisha, huingia mtaji, na kanuni hubadilika. Anacheza na zilizomo ubaoni tu. Hizo ni awamu kwelikweli, kwa sababu aliyeingia mtaji harudi kunamua. Mchezaji wa The Sims hurudi kila dakika. (Kwamba katika bao pia kuna shimo liitwalo "nyumba", ambalo mchezaji hulinda kwa wivu mkubwa, ni jambo la kufurahisha ambalo halitusaidii hapa, ila hatukuweza kuliacha bila kulitaja.)

Tunapendekeza "mkao", wingi "mikao". Mtu huuchagua mkao, huukaa, huuacha, huukaa mwingine. Watu wa Dar es Salaam husema "kaa mkao wa kula" kwa maana ya kujiweka tayari, na hakuna anayehitaji kufafanuliwa kwamba mkao huo ni wa hiari na ni wa muda. Fundi ana mkao wake, mpiga picha ana wake. Simu iwekwe mkao wa kimya. Mashine ya kudurufu ina mkao wa kuokoa wino. Neno lina kitenzi chake hai, nalo halijatwikwa mizigo mingine mingi. Twajua kwamba "kukaa" kwa matumizi ya Tanzania ni pia kuishi mahali, na "makao" ni maskani. Katika mchezo wa nyumba na wakazi wake, ukaribu huo hauwezi kuwa hasara.

Tumekwisha kusikia pingamizi mbili. Ya kwanza ni kwamba "rudi maishani" lasikika kama ufufuo. Ni kweli, na kwa kuwa watu wa mchezo hufa, huenda pakatokea mahali ambapo mchezaji ataelekezwa arudi maishani ilhali mhusika wake yu jeneza mbele. Tuliwaeleza vijana wakacheka, wakasema wachezaji wamekuwa wakisema hivyo siku zote na hakuna aliyefufuka. Hatuna jibu bora kuliko hilo. Pingamizi ya pili ni nzito zaidi: kwamba "ujenzini" kwa fundi na kibarua ni mahali penyewe, palipo na kokoto na saruji, na kwamba tunachanganya mahali na mkao. Tungesema kwamba mama wa Charambe hakuchanganya. Alikuwa ameketi sebuleni kwake, kikombe cha chai mkononi, hapana fundi wala mchanga mpya, naye akasema wako ujenzini. Alikuwa akieleza mkao wa kaya yake kwa miaka tisa: fedha ikipatikana inakwenda kwenye bati kabla ya kwenda kwenye kitanda.

Hapa ndipo tafsiri inapogusa jambo ambalo mchezo wenyewe haulijui. Katika The Sims kuishi na kujenga ni vitu viwili visivyokutana. Kimoja kikianza, kingine husimama. Inasemwa na mbunifu mwenyewe kwamba wazo la mchezo lilimjia baada ya nyumba yake kuteketea katika moto mkubwa uliounguza vilima vya Oakland, California, mwezi Oktoba 1991, alipolazimika kuanza upya na kufikiri ni vitu gani hasa mtu anavihitaji ili aishi. Hapo mwanzo alikusudia mchezo wa usanifu wa majengo, na watu wadogo wa skrini wakawekwa ili wazipime nyumba kwa kuziishi. Baadaye ikaonekana kwamba watu wale wanavutia kuliko kuta. Mbagala nayo ina tarehe yake. Tarehe 29 Aprili 2009 ghala la silaha la jeshi lililipuka, watu wakafa, na nyumba nyingi zikabomoka au kupasuka. Wengi waliorudi walijenga upya huku wakiishi ndani ya kilichobaki. Saa haikusimama kuwangoja wapaue, na watoto walikwenda shule wakitokea chini ya maturubai.

Hatusemi kwamba istilahi ya mchezo ibebe historia hiyo. Twasema jambo dogo kuliko hilo: kwamba mfasiri wa Kiswahili asizidishe utengano ambao lugha yake haina. "Hali ya ujenzi" na "hali mubashara" zimesimama mbalimbali kama vyumba viwili visivyo na mlango kati yake. "Maishani" na "ujenzini" huruhusu mtu kuwa katika kimoja, au, kama kaya nyingi za Mbagala, kuwa katika vyote viwili kwa pamoja, na sentensi "tuko maishani na tuko ujenzini" haijavunja kanuni yoyote ya sarufi. Jambo hili lina faida hata ndani ya michezo yenyewe, maana si yote inayosimamisha saa. Lipo toleo la simu la mwaka 2011 ambalo hufuata saa halisi, na ndani yake kuna majengo yanayochukua saa nyingi kukamilika, wakazi wakiendelea na shughuli zao. Anayefasiri toleo hilo kwa "hali" mbili zilizotengana atakuwa ameandika uongo.

Limebaki jambo moja ambalo hatukulimaliza na vijana, nalo twaliacha mikononi mwa wasomaji. Kwa kuwa katika toleo la nne kununua na kujenga ni kitufe kimoja, orodha imeandika "hali ya ununuzi na ujenzi", ambayo ni ndefu mno hata kwa kitufe kikubwa. Sisi tungeandika "Ujenzini" na kukiacha kitanda, jiko na luninga viingie humohumo, kwa hoja kwamba katika usemi wa watu wetu nyumba haijaisha kujengwa hadi iwe na vitu ndani. Mmoja wa vijana alikataa katakata: kwake kununua kochi si ujenzi, na mama yake alikuwa upande wake. Walimu na wafasiri wa Zanzibar, Tanga na Mombasa ambao wana neno moja lenye kukusanya kujenga nyumba na kuitia vyombo watuandikie. Orodha ya vijana haitapelekwa kikaoni kabla ya toleo lijalo.